Kipeo hasi si gredi ya kufeli: Tuzisome nambari ndogo kwa Kiswahili

Mama mmoja mfugaji wa huku Molo alinijia Jumamosi moja asubuhi akiwa na karatasi iliyokunjwa mara nne. Hakungoja hata salamu ziishe. Aliikunjua mezani, akaweka kidole kwenye mstari wa mwisho, akaniuliza: "Mwalimu, hebu niambie ukweli. Maziwa yangu yamepata E? Tena E ya kutoa?"

Nilicheka kidogo, kisha nikaona kwamba mwenzangu hacheki. Mnunuzi wake alikuwa amemtaka ayapeleke maziwa yakapimwe sumukuvu, na majibu yalikuja yamechapishwa moja kwa moja kutoka kwenye kompyuta. Upande wa kushoto paliandikwa 8.0E-11. Upande wa kulia, penye kikomo kinachoruhusiwa, paliandikwa 5.0E-10. Mama huyu amesomesha watoto hadi kidato cha nne, na anajua vizuri kwamba katika mtihani wa KCSE hakuna gredi iliyo chini ya E. Aliona E, akaona alama ya kutoa, akaona kwamba nane inazidi tano na kumi na moja inazidi kumi. Kwake hesabu ilikuwa imekwisha: maziwa yana sumu kupita kiasi. Kwa siku mbili alikuwa akiyamwaga.

Ukweli ulikuwa kinyume kabisa. Kiasi cha sumu kilichopatikana katika maziwa yake hakikufika hata sudusi, yaani sehemu moja ya sita, ya kikomo kilichoandikwa pale pale kwenye karatasi. Aliyepima hakukosea hesabu. Mashine nayo haikukosea. Kilichokosekana ni lugha ya kuitoa nambari ile kwenye karatasi na kuifikisha kwa mwenye ng'ombe. Mimi ni mtu wa lugha, si mtu wa hisabati, na ndiyo maana nimeona jambo hili linanihusu.

Molo ni nchi ya viazi, maziwa, kondoo na pareto. Wakulima wa hapa wanajua kupigania nambari. Wamelalamika miaka na mikaka juu ya lumbesa, lile gunia la viazi linaloongezwa kilemba mpaka mbebaji anapinda mgongo, na Kanuni za Viazi za mwaka wa 2019 zikaweka kikomo cha kilo 50 kwa gunia. Kila mtu sokoni anaijua hamsini na anaweza kuitetea. Je, nani atamtetea mkulima dhidi ya nambari ambayo hawezi hata kuitamka?

Nambari inavyoandikwa

Tuanze na maandishi yenyewe. Wanasayansi wanapokutana na nambari ndogo mno hawapendi kuandika msururu wa sufuri, kwa sababu jicho huchoka na mkono hukosea. Badala ya kuandika 0.0000000005 huandika 5 × 10⁻¹⁰. Mtindo huu nitauita mwandiko wa kisayansi. Wapo wanaopendelea kuuita umbo sanifu, nami sina ugomvi nao. Neno "nukuu" nimelikwepa kwa kuwa tayari lina kazi yake, nayo ni kunakili maneno ya mtu mwingine.

Mwandiko huu una sehemu mbili. Ya kwanza ni nambari isiyopungua moja wala kufika kumi, kama vile 5 au 8 au 3.2. Ya pili ni kumi iliyobeba kipeo, yaani ile nambari ndogo inayoandikwa juu upande wa kulia. Kipeo hueleza nukta imesogezwa hatua ngapi. Chukua 0.0000000005, usogeze nukta kwenda kulia hatua moja moja mpaka ipite ile tano. Utahesabu hatua kumi. Kwa kuwa ulianza na nambari iliyo chini ya moja, kipeo huwekewa alama ya hasi. Njia nyingine ya kujihakikishia ni kuhesabu sufuri zote, ikiwemo ile iliyo mbele ya nukta: zitakuwa kumi.

Kompyuta na kikokotoo, pale ambapo haviwezi kuandika kipeo kidogo kwa juu, huweka herufi E badala ya "mara kumi kwa kipeo cha". Basi 5.0E-10 na 5 × 10⁻¹⁰ ni kitu kimoja. E hiyo haitoi gredi kwa mtu.

Hatari iko kwenye kulinganisha. Watu wengi huona 11 ni kubwa kuliko 10, wakadhani 10⁻¹¹ nayo ni kubwa kuliko 10⁻¹⁰. Mfano ninaoutumia ni wa deni. Mwenye deni la shilingi kumi na moja ni maskini kuliko mwenye deni la shilingi kumi, ingawa kumi na moja ni nyingi. Vivyo hivyo, kadiri kipeo hasi kinavyoongezeka ukubwa kwa sura, ndivyo nambari yenyewe inavyozidi kuwa ndogo. Kila hatua moja ni mara kumi. Kwa hivyo kabla ya kutazama nane na tano, tazama kwanza vipeo. Ukitaka kuona wazi, viweke vipeo sawa: 8 × 10⁻¹¹ ni sawa na 0.8 × 10⁻¹⁰. Sasa linganisha nukta nane na tano, na hata mtoto wa darasa la nne atakwambia ipi ni ndogo.

Mama yule alikosea kwa upande wa tahadhari, akapoteza maziwa ya siku mbili. Hasara ni hasara, lakini ingeweza kuwa mbaya zaidi. Tuseme karatasi ingesema 5.0E-9. Msomaji yule yule angeona tano kwa tano, halafu tisa ni chini ya kumi, akashukuru Mungu na kuwapa watoto chai ya maziwa. Kumbe maziwa hayo yangekuwa na sumu mara kumi ya kikomo.

Nusu gramu katika malori mia moja

Ni sumu gani inayopimwa kwa nambari ndogo hivyo? Aflatoksini ni sumu inayotengenezwa na kuvu waotao kwenye nafaka, njugu na vyakula vya mifugo vilivyohifadhiwa vikiwa na unyevu. Wenzetu wa Tanzania wameiita sumukuvu, na ninaliona hilo kuwa mojawapo ya maneno mazuri yaliyobuniwa katika lugha yetu: sumu ya kuvu, basi. Ng'ombe akila chakula chenye sumukuvu aina ya B1, ini lake hugeuza sehemu ya sumu hiyo kuwa aina ya M1, nayo hutoka kwenye maziwa. Kuyachemsha maziwa hakuiondoi.

Kikomo cha M1 katika maziwa kwa mujibu wa Codex, chombo cha kimataifa cha viwango vya vyakula, ni maikrogramu 0.5 kwa kilo. Umoja wa Ulaya umeweka maikrogramu 0.05. Ukiziandika kwa mwandiko wa kisayansi, ya kwanza ni 5 × 10⁻¹⁰ na ya pili ni 5 × 10⁻¹¹. Tofauti kati yake ni hatua moja tu ya nukta. Maziwa ya yule mama, yenye 8 × 10⁻¹¹, yangekubaliwa kwa kipimo cha Codex na kukataliwa kwa kipimo cha Ulaya. Anayechanganya kumi na kumi na moja hapa hakosei kidogo. Anahamisha maziwa kutoka soko moja hadi jingine.

Kwa picha, kikomo cha Codex ni sawa na kuchukua nusu gramu ya sumu, kiasi cha chumvi unayoibana kwa ncha za vidole, ukaigawa katika malori mia moja ya maziwa, kila lori likibeba kilo elfu kumi. Kikomo cha Ulaya ni nusu gramu hiyo hiyo katika malori elfu moja.

Kwenye mahindi, kikomo cha Kenya ni sehemu kumi katika bilioni, yaani 1 × 10⁻⁸. Gunia la kilo 90 linaloruhusiwa halipaswi kuzidi miligramu 0.9 za sumukuvu, uzito wa chembe kama kumi na tano za chumvi ya mezani. Mwaka wa 2004 watu 317 waliugua na 125 wakafa katika Makueni, Kitui na wilaya jirani baada ya kula mahindi yenye sumu hiyo. Baadhi ya sampuli za wakati huo zilizidi sehemu elfu moja katika bilioni, yaani 1 × 10⁻⁶. Kutoka hasi nane hadi hasi sita ni hatua mbili tu machoni, lakini ni mara mia moja mwilini.

Lugha inapoteleza

Hapo ndipo kazi yangu inapoanza. Nimesikia redioni na kusoma magazetini sentensi kuhusu vipimo kama hivi, na nimegundua mitego minne.

Mtego wa kwanza ni herufi mbili: "ya". Linganisha "sehemu kumi katika bilioni" na "sehemu ya kumi ya bilioni". Ya kwanza ni punje kumi kati ya punje bilioni moja. Ya pili, kwa sarufi ya Kiswahili, ni bilioni moja iliyogawanywa kwa kumi, yaani milioni mia moja. Kihusishi kimoja kimeibadilisha sumu ya kuhesabika kwa vidole ikawa mlima. Kwa hivyo tunapotaja uwiano mdogo tutumie "katika" au "kwa", tusiweke "ya" baada ya neno sehemu ila tunapomaanisha mgao.

Mtego wa pili ni neno "hasi". Msomaji wa gazeti amelizoea katika maana ya ubaya: athari hasi, mtazamo hasi. Hospitalini maana hugeuka, maana matokeo hasi ya vipimo vya ugonjwa ni habari njema: ugonjwa haukuonekana. Na mfugaji wa kondoo wa Molo analijua neno jingine linalotamkwa vivyo hivyo, kuhasi, ambalo dume halifurahii kulisikia. Sasa mtu akiambiwa "kipeo hasi" atasikia lipi? Anaweza kusikia kwamba maziwa ni mabaya. Anaweza pia kusikia kwamba sumu haikupatikana. Yote mawili si kweli. Hasi ya kipeo haisemi chochote kuhusu ubaya au uzima, wala haiifanyi nambari yenyewe kuwa hasi. Inasema tu kwamba tunagawanya kwa kumi badala ya kuzidisha. Kwa hivyo tusiliache neno "hasi" peke yake. Tuseme "kipeo hasi" kila mara, na kwa mtu asiye wa fani tuongeze maelezo: "imegawanywa kwa kumi mara kumi na moja".

Mtego wa tatu ni jozi ya kipeo na kipeuo. Vitabu vya hisabati vya shule za msingi nchini Tanzania vinatenganisha maneno haya vizuri: kipeo cha pili cha tatu ni tisa, na kipeuo cha pili cha tisa ni tatu. Irabu moja imesimama kati ya kuzidisha na kurejea kwenye mzizi. Mhariri mwenye haraka akiidondosha, maana inapinduka. Hapa sina dawa zaidi ya umakini.

Mtego wa nne ni bilioni yenyewe. Kwetu bilioni ni milioni elfu moja. Lakini Uingereza rasmi ilikuwa ikiitumia kwa maana ya milioni mara milioni mpaka mwaka wa 1974 serikali ilipokubali hesabu ya Kimarekani, na lugha kadhaa za Ulaya bado zina hesabu ya zamani. Mwandiko wa kisayansi unatuokoa na fujo hii. 10⁻⁹ ni ile ile Nakuru, Paris na Muscat.

Je, Kiswahili hakina mali ya kutosha?

Wako watakaosema kwamba mambo haya yaachiwe Kiingereza. Watakumbusha kwamba hapa Kenya hisabati hufundishwa kwa Kiingereza, na kwamba hata Tanzania, ambako watoto wa shule za msingi za umma husoma hisabati kwa Kiswahili, Kiingereza huchukua nafasi sekondari, pale pale vipeo hasi vinapoanza kufundishwa kwa kina. Hoja hiyo inaeleza kwa nini hatujazoea. Haielezi kwa nini tusizoee.

Wazee wetu walikuwa na majina ya visehemu: nusu, thuluthi, robo, humusi, sudusi, subui, thumuni, tusui, ushuri. Majina hayo yenye asili ya Kiarabu yalitosha kugawa urithi na kupima biashara. Msururu unakomea kwenye sehemu moja ya kumi, kwa maana zama zile hapakuwa na haja ya kwenda chini zaidi. Mengine yalihama: Wakenya wa rika langu wanaikumbuka thumuni kama sarafu ya senti hamsini, na maana yake ya sehemu moja ya nane ikasahaulika. Neno la hesabu lisipotumika kwenye hesabu hupotea namna hiyo.

Chini ya ushuri, basi, tunahitaji ngazi nyingine, na ngazi hiyo tayari imekopwa na dunia nzima: mili, maikro, nano, piko. Nano limetokana na neno la Kigiriki lenye maana ya kibeti. Ukishuka zaidi unakutana na femto na ato, yaani 10⁻¹⁵ na 10⁻¹⁸, viambishi vilivyokubaliwa mwaka wa 1964. Asili yake ni maneno ya Kidenmaki na Kinorwe ya kumi na tano na kumi na nane. Lugha hizo zina wasemaji wachache sana kuliko Kiswahili, na bado zimeacha alama yao kwenye mizani ya ulimwengu. Mwaka wa 2022 viliongezwa viambishi vipya vya kushukia hadi 10⁻³⁰. Ngazi inaendelea kujengwa na sisi tumekaa chini tukidai mikono yetu haishiki nyundo.

Istilahi nazo tunazo. Taasisi ya Uchunguzi wa Kiswahili ya Dar es Salaam ilichapisha Kamusi Sanifu ya Biolojia, Fizikia na Kemia mwaka wa 1990. Kinachokosekana ni mazoea ya kinywa, kwa sababu istilahi isiyotamkwa ni kama jembe lililotundikwa ukutani.

Napendekeza usomaji huu. 8 × 10⁻¹¹ isomwe "nane mara kumi kwa kipeo hasi kumi na moja". Ni sentensi ndefu, nakubali, lakini hata Kiingereza chake si kifupi sana. Mbele ya mkulima, muuguzi au mpishi wa shule, isomwe kwa uwiano: "sehemu nane katika bilioni mia moja". Na kwa vyovyote vile, kikomo kitajwe papo hapo kwa kipimo kile kile, ili mtu asilinganishe maembe na maganda. Karatasi ya yule mama ingehitaji mstari mmoja tu wa Kiswahili: "Maziwa haya yana sumukuvu maikrogramu 0.08 kwa kilo. Kikomo ni 0.5, yanafaa." Mstari huo ungeokoa maziwa ya siku mbili.

Ombi langu kwa maabara, maafisa wa kilimo na wanahabari wenzangu ni hilo tu. Mwandiko wa kisayansi ubaki, kwa maana una faida zake, lakini usitumwe kijijini peke yake kama mgeni asiye na mkalimani. Tumeipa sumu jina zuri la Kiswahili. Kiasi chake nacho kinastahili kutamkwa kwa Kiswahili.

Nilipomaliza kumweleza, yule mama alinyamaza, akaihesabu nukta kwa kidole, hatua moja moja, mpaka kumi na moja. "Kumbe kutoa si kupungukiwa," akasema. Kisha akanitazama kwa jicho la mtu aliyedhulumiwa. "Na mbona hawakuandika tu hivyo?"

Sikuwa na jibu la kumpa. Nawe msomaji, kabla hujalikunja gazeti, jipime: kati ya 9 × 10⁻⁹ na 1 × 10⁻⁸, ipi ni kubwa? Ukisema ya pili, uko salama. Ukisema ya kwanza, rudi kwenye mfano wa deni, halafu umsomee jirani yako kwa sauti, kwa Kiswahili.